Gunia la Saba

Alfajiri, sakitu nyeupe juu ya majani,
lori likasimama kizuizini Isyonje.
"Mviringo tu, afande. Vya Tunduma."
Mimi si afande. Mimi ni Tumpale, mlinzi wa mkataba,
koti la hifadhi linanifika magotini.

Nilidunga magunia kwa nondo.
Viazi hugonga. Chikanda hunyamaza.
Gunia la saba
lilinyamaza.

Tulimwaga chini. Vikabingirika viwili viwili
kama mapumbu ya beberu; utotoni tulivicheka,
tukipigwa vibao vya kisogo kwa kucheka.
Kila ua la Kitulo limeficha viwili ardhini:
kimoja cha mwaka jana, kimesinyaa, kimekwisha kutoa,
kimoja cha mwaka ujao, kigumu, kimejaa.
Ng'ambo ya mpaka hawataki cha jana.
Wananunua mwakani, kwa debe.

Bei naijua. Debe mbili zilikuwa sare yangu ya kidato cha kwanza,
na viatu, na chenji ya chumvi.
Shangazi Sekela alinifundisha: piga jembe mbali na shina,
rudisha udongo, katika matano acha moja,
"la wenyewe."
Sikuuliza wenyewe ni akina nani.

Katikati ya chikanda, jiwe.
Mtu amelitia kuongeza uzito, ujanja wa sokoni.
Lakini lilichongwa pande zote mbili,
pana chini, juu limechongoka kama chozi.
Ndugu zake niliwaona Isimila, safari ya shule,
yamelala korongoni kama vyombo visivyooshwa;
mwalimu alisema miaka laki mbili na ushei
nasi tukauliza chakula saa ngapi.

Nikalishika.
Kidole gumba kikapata kishimo chake.
Nikalihamishia mkono wa kushoto: likakataa.

"Na jiwe nalo haramu?" dereva akauliza,
akipulizia viganja vyake.
Nikaandika daftarini: chikanda, gunia moja.
Jiwe, moja.
Kwenye safu ya thamani nikaweka kalamu,
nikaiondoa.

Mchana tulirudisha chikanda kilimani, mvua ikitupiga mgongoni.
Vingapi vitaota, bwana mimea mwenyewe
alitazama pembeni.

Gunia lilikuwa limeshonwa mdomo kwa uzi wa sweta, wa buluu,
mshono wa kurudi nyuma mara mbili kila baada ya hatua tatu.
Mshono huo ninao
kwenye pindo la sketi yangu ya shule.
Uzi nikauzungushia kidoleni,
nikautia mfukoni.
Huo sikuuandika.