Kiberiti Nyuma ya Tairi

Kabla jua halijagusa mabati ya Pasua
nimeshafunga mkanda.
Kiti nimekivuta mbele, mgongoni nimeweka mto wa kochi,
maana kenta hii ilitengenezwa kwa miguu ya mtu mwingine.

Miaka tisa nimeuza gesi, sikuwahi kuiendesha.
Pale Majengo nilikuwa na mizani mlangoni,
kilo sita kushoto, kumi na tano kulia,
na kopo la povu la sabuni
la kupaka kwenye valvu, nione kama inapumua.
Dereva alikuja akipenda. Akija, alikuja na bei yake.
Siku moja nikamuuliza, leseni ya namna hii inapatikanaje?
Akacheka mpaka akashikilia bodi.
"Dada Siaeli, huu ni mzigo wa hatari."
Nikamwambia, nimelala nao ukuta kwa ukuta
tangu wewe hujajua kupiga honi.

Basi nikaanza. Picha, alama za vidole, macho.
Muuguzi alinionyesha herufi ukutani;
mstari wa mwisho niliusoma kwa imani.
Darasani tulikuwa kumi na wanne.
Wengi walitaka abiria: watalii, wanafunzi, maharusi.
Wawili tu tulitaka moto,
mimi na kijana mmoja wa Himo asiyesema kitu.
Mwalimu Mremi alituandikia ubaoni,
akatutaka tuimbishe kama chekechea:

    Kioo kabla ya breki, na breki kabla ya gia;
    moto nao haucheki, dereva akisinzia.

Nikajifunza kibandiko: pembe nne, kimesimama kwa ncha,
chekundu, mwali katikati, tarakimu mbili chini.
Nikajifunza kwamba gesi hii ni nzito kuliko hewa,
ikivuja haipandi, inatambaa,
inatafuta shimo, inatafuta jiko la jirani.
Usiku nikamsimulia mume wangu.
Akasema, kumbe ni kama umbea.
Nikaliandika hilo pembeni mwa daftari.
Kwenye mtihani halikuulizwa.

Mara ya kwanza nilianguka.
Mwinuko wa barabara ya Kibosho,
mitungi mitupu ikigongana nyuma kama masufuria ya msibani.
Sajenti Nyamhanga akaniambia simama hapo hapo,
akashuka, akatoa kiberiti mfukoni,
akakilaza nyuma ya tairi.
"Ondoka. Ukikikanyaga, kwaheri."
Kiberiti! Nyuma ya gari la gesi!
Nikacheka. Mguu nao ukacheka.
Nikasikia njiti zikivunjika
kama miiba ya dagaa mdomoni.

Wiki tatu nikafanya mazoezi njia ya Rau,
alfajiri, kwa viberiti vyangu mwenyewe.
Nilimaliza pakiti nzima.
Nyumbani, kwa muuza gesi,
tukakosa cha kuwashia jiko.
Mtoto akatumwa kwa jirani kuomba kaa la moto
na jirani akauliza kwa sauti, mbele ya watu.

Na leo ndiyo leo.
Mwinuko ule ule. Kiberiti kipya, bado kina ngozi yake.
Mlima umejifunga wingu kiunoni, siutazami.
Kioo. Nakiona kisanduku kile, kidogo, kama jino.
Naachia klachi mpaka naisikia inauma,
mpaka pua ya kenta inainuka kidogo
kama ng'ombe anayesikia jina lake.
Hapo. Usiongeze. Breki ya mkono, chini, taratibu.
Gari linatetemeka, linafikiri,
halirudi hata unene wa ukucha.
Linapanda.

Sajenti amekiokota kiberiti,
anakitikisa sikioni. Njiti zote zimo.
Anatoa sigara, anaiweka mdomoni,
anachomoa njiti moja.

"Afande," nasema kupitia dirishani,
"si karibu na gari hili. Hatua kumi na tano."

Ananitazama. Anazihesabu hatua kwa macho.
Sigara inakwenda nyuma ya sikio,
na kalamu, niliyodhani haina wino,
inaanza kuandika.