Mpangaji

Saa kumi na dakika kumi na saba alfajiri,
jengo letu la Antakya lilipiga magoti
kama ngamia anayeshusha mzigo.
Mzigo ulikuwa sisi.

Sasa ni mwaka wa tatu. Kontena D-62,
mita tatu kwa saba, watu watano.
Mvuke wa chai hupanda darini, hugeuka matone,
hutunyeshea ndani wakati nje kumeanuka.

Juzi walipiga kura ya nyumba mpya.
Uwanja ulifurika, kompyuta ikataja majina.
Edip, mwenye jengo letu, akapata ghorofa ya saba.
Alilia. Alininunulia chai.
Simchukii: mkewe alikaa siku nne
chini ya zege lile lile lililonivunja nyonga.
Lakini karani aliponifikia
alipekua, akapekua tena, akasema taratibu:
"Bi Nebahat, wewe ulikuwa mpangaji."

Mpangaji. Naam.
Miaka ishirini na miwili nilipanga:
mitungi ya zeituni ngazini,
viatu vya watoto mlangoni, ncha zikitazama nje,
noti za kodi, tarehe mosi, kabla ya mkate.
Sasa napangwa mimi:
foleni ya maji, foleni ya gesi, foleni ya dawa.

Tetemeko halikumwomba mtu hati.
Hati tunaulizwa sisi tuliobaki.

Mto wetu unaitwa Asi, na kweli umeasi:
huelekea kaskazini, mito mingine ikishuka kusini.
Nilikuwa nikiwaambia wageni hivyo, kwa kujidai,
nikiwaonyesha kutoka dirishani.
Dirishani kwangu. Tazama ulimi.

Binti yangu Gülten hutafuta vyumba Serinyol.
Kodi imepanda mara nne,
na kila mwenye nyumba huuliza, "Mko wangapi?"
Nyumba ya kwanza alijibu: watano.
Ya pili: wanne.
Jana alijibu wawili,
akarudi, akavua viatu, akaosha vyombo vilivyokwisha oshwa,
hakunitazama.
Sikumuuliza nani aliyebaki katika hesabu.

Tangazo limebandikwa bombani: kambi itafungwa Juni.
Tutakwenda wapi, halisemi.

Nimepanda miche ya pilipili kwenye ndoo ya rangi.
Mjukuu wangu anashangaa, mbona si ardhini,
ardhi si hii hapa, tele?
Ndoo ina mshikio, nikamwambia.