Jibu kwa Bibi Máret

Ngalula, sauti yako imefika saa mbili usiku,
umeme umekatika Katuba yote,
simu imebaki na chembe ya chaji.
Nimeisikiliza mara nne.

Unasema huko kaskazini mchana ni wa buluu, jua halitoki;
unamwosha bibi mgongo, unamchana nywele,
naye anakuita kwa lugha
aliyonyang'anywa akiwa na miaka saba:
shuleni walimwambia aiache mlangoni
pamoja na viatu vyake vya ngozi ya boazu.
Viatu alirudishiwa.

Mwambie naijua shule hiyo.
Ya kwetu ilikuwa ya matofali mekundu, kando ya reli.
Ukiponyokwa na neno la Kiluba, Sista anakuvisha simboli,
kipande cha ubao chenye kamba ya katani,
unalala nacho hadi umkamate mwenzako akikosea.
Mimi nilimkamata Kabedi, mdogo wangu.
Alikuwa anaomba maji.

Unasema ngoma zao zilichomwa,
lakini wimbo haukuungua, haukuwa ndani ya ngoma.
Kisha bibi mwenyewe anaingia kwenye simu:
lo-lo, naa, wimbo usioanza wala kuisha,
nawe unacheka, "Baba, haimbi kunihusu. Ananiimba mimi."
Hapo nikanyamaza.
Mama yangu alipopiga kasala, majina ya wafu
yaliingia ndani, yakakaa kitako, yakadai bukari.

Sasa lile swali lake.
Wajukuu wameletewa karatasi watie sahihi:
kuna shaba chini ya kilima wanakozalia boazu wao,
wale wenye alama ya ukoo iliyokatwa sikioni.
Kwa ajili ya magari safi, wameambiwa.
Na kwa kuwa baba yako ni mtu wa shaba, anauliza:
ikishatoka, kilima hurudi?

Bibi, nimeyeyusha shaba miaka thelathini na mmoja.
Asubuhi, mvua ilipokatika, nilipanda pikipiki
hadi karibu na bomba la moshi,
nikapiga picha lile lima jeusi.
Wageni hudhani ni mlima.
Kiswahili hakina aibu, huita mavi ya chuma.
Limenyeshewa tangu enzi za babu yangu.
Tafuta jani.

Ngalula, mpe picha. Usiitafsiri.
Halafu mwombe amwimbe na Kabedi.
Jina nitalituma kwa sauti, polepole, chaji ikiruhusu,
kwa lugha aliyoombea maji.