Kanda ya Kumi na Tisa

Kalunde alinijia na gunia la mpunga
lisilo na mpunga: kanda thelathini na moja za arusi,
kauziwa kwa mizani, kama chuma chakavu,
na wajane wa Shemhilu, mpiga picha wa Isevya.
"Fundi," akasema, "nifufulie deki."

Nikaifufua. Mpira wake nikaukata kwenye tyubu ya baiskeli,
kichwa nikakisugua kwa spiriti ya zahanati.
Ukungu ulikuwa umewaota maharusi
kama unga ukingoni mwa kinu.

Marehemu hakuwahi kurekebisha saa ya kamera.
Kila arusi, pembeni chini: tarehe moja Januari.
Masika, kiangazi, miaka kumi na minne ya pilau,
Tabora nzima ilioana siku moja.
Nilicheka. Kalunde aliandika kwenye daftari:
siku ndefu.

Maharusi hakuwataka.
Alitaka mkono unaofukuza kuku,
mtoto aliyelala chini ya meza ya soda,
honi ya treni ya Mpanda ikikata hotuba ya mjomba,
na pale Shemhilu aliposahau kuzima,
kamera ikining'inia begani
ikila vumbi na viatu, viatu, viatu.

Kanda ya kumi na tisa. Bomba la Ng'ambo, foleni ya ndoo.
Mwanamke wa kitenge cha kijani anajitwisha, anateleza,
maji yote mchangani.
Anaitazama kamera, anasonya.

Mama.
Sikusema kitu. Nilikuwa nimeshika bisibisi.

Kalunde, asijue, akabonyeza kurudisha nyuma,
na maji, enyi mliotufunza kwamba yakimwagika hayazoleki,
yakazoleka.
Yalitoka mchangani, yakapanda,
yakaingia ndooni, ndoo ikapaa kichwani,
na mama akarudi kinyumenyume kwenye foleni,
mkavu, hajakasirika bado,
anamwambia mwenziwe jambo.
Nilisikia jina langu humo. Kinyume.
Usiniulize lilivyosikika.

"Rudia," nikasema.
Akarudia. Mara saba.
Kazi yangu naijua: kichwa kikipita juu ya utepe
kinakwangua kidogo. Wateja wote nawaambia hivyo.
Mara ya nane deki ikatafuna.

Niliuchomoa kwa vidole, umejikunja kama utumbo.
Kilichoharibika tukakikata,
kilichobaki nikakiunga kwa gundi, mikono ikinitetemeka
kama ya mwanafunzi.

Usiku wa maonyesho, shuka likawambwa ukutani
kwenye ghala la ushirika wa asali.
Watu wakaona ndoo inaanguka,
picha inaruka,
ndoo imejaa.
Wakapiga makofi. Walidhani ni ufundi wa Kalunde,
naye hakuwakanusha, wala hakunitazama.

Kipande chenyewe kimo kwenye kopo la skrubu:
sentimita tisa, karibu sekunde tatu.
Nikikielekeza kwenye jua hakionyeshi kitu,
kahawia tupu, inayong'aa,
na jicho langu mwenyewe likichungulia.