Siku Tatu Zisizotimia

Nilianza kwa kwelea.
Nyanguge, mpunga ukiwa na maziwa, haujawa punje,
nami juu ya kichuguu tangu alfajiri,
kazi yangu kuamia,
na rundo la mawe niliyoyahesabu jana yake.
Mama alisema: usitupe kwa hasira,
jiwe la hasira huangukia mpunga wetu wenyewe.

Mwalimu Morishita, aliyekuja Nyakato kufundisha hesabu,
alipima hatua ishirini nyuma ya bweni,
akaweka kofia yake juu ya debe,
akanipa mpira mgumu wenye mshono mwekundu.
Kofia ilianguka mara tisa.
Ya kumi niliikosa makusudi;
niliona haya kuzidi kuichafua.

Hivyo ndivyo bega lilivyonivusha bahari.

Hamuijui besiboli, si neno. Ni hivi:
kuna mrushaji anayeanza, jina lake liko ubaoni,
mama yake amekaa jukwaa la mbele.
Na kuna sisi, nyuma ya uzio,
tunatafuna mbegu za alizeti
hadi simu ya ukutani ilie.
Ikilia, ujue nyumba inaungua.
Unaingia na moto si wako,
watu watatu wamesimama vituoni kama wadeni mlangoni,
mpigaji anachezesha gongo,
nawe huna ruhusa ya kuuliza nani aliwasha.

Wakaniita Zimamoto. Nililipenda jina.
Hakuna aliyeuliza zimamoto hufanya nini
siku ambazo hakuungui kitu.

Mwaka wa mwisho, hotelini, nilipiga hesabu kwa penseli:
misimu kumi na mmoja,
mechi mia nne na kumi na mbili,
dakika kumi kila moja, tuseme.
Siku tatu zisizotimia.
Mengine yote ni koti begani.
Mama kwenye simu: "Kwani kazi yako hasa ni ipi?"
Nikamwambia, kungoja.
Akacheka mpaka akakohoa.
"Hiyo hata mimi naiweza, ila silipwi."

Usiku mmoja tu nitauandika.
Alibaki mtu mmoja wa kumtoa, mmoja,
mpira ukatoka vidoleni mtamu mno,
nikaujua kabla haujafika,
kama unavyomjua mgeni kwa hatua zake uani.
Gongo likalia. Sikugeuka kutazama.
Benavides, niliyempotezea ushindi wake,
alikuja akakaa kando yangu,
akamenya chungwa, ganda refu lisilokatika,
akanipa nusu iliyo kubwa.
Hadi leo sijui kama ulikuwa msamaha
au hakuwa na njaa.

Bega lilikwisha mwezi wa nane.
Simu haikulia, siku ya kwanza, ya pili,
nikaelewa.

Sasa niko Nyanguge tena. Ziwa liko palepale
nyuma ya mafunjo, linameta kama bati jipya,
na kwelea hawajasikia habari zangu.
Juzi nililiokota jiwe, nikalituma.
Likadondoka jaruba la pili, chubwi.
Hakuna ndege aliyeinua hata shingo.
Minza, mtoto wa dada yangu, miaka kumi na miwili,
akatazama pembeni kwa adabu.
Kisha akapanda kichuguu,
mkono ukapita karibu na sikio
(hakufundishwa na mtu, naapa)
na wingu zima la kwelea likanyanyuka,
likapinda, likaelekea ziwani.

"Mjomba, kaa tu hapo. Nikichoka nitakuita."

Nimekaa.
Jua la saa saba linachoma hadi nyasi zinanuka,
wapita njia wananishangaa,
na mimi nimevaa koti,
mkono usipoe.