Jua Liwe Mgongoni

Saa moja asubuhi nahesabu vichwa: kumi na tisa,
na wa ishirini ni Gawie dereva, ambaye hahesabiwi
kwa sababu basi haliwezi kumsahau.
Nashika kipaza sauti. Hamjambo, naitwa Lerina,
nitakuwa nanyi mpaka jioni,
choo kipo kila baada ya saa moja na nusu.
Kisha nasema lile ninalolisema kila Agosti:
maua haya hayana adabu ya dukani.
Hayafumbui macho kabla ya saa nne,
hayafumbui kukiwa na wingu,
na yakifumbua hulitazama jua, si ninyi.
Kwa hiyo tutasimama tukiwa tumelipa jua mgongo,
ili yatutazame sisi kwa makosa.

Wanacheka. Bwana Lategan hacheki.
Yeye kalipa, anasema,
na aliyelipa hangojei ua liamke.

Barabara ya kaskazini imenyooka kama rula,
na leo ukungu umetoka Atlantiki pekupeku,
umeingia mashambani bila hodi, umekaa.
Saa nne: yamefumba. Saa tano: yamefumba.
Ekari kwa ekari za ngumi ndogo za kijani.
Mtoto Tashwin anauliza kama yamenuna.
Yamelala, namwambia.
Anauliza kama yanaota ndoto.
Hapo kijitabu cha kampuni hakina ukurasa.

Basi twendeni baharini. Bahari haifungwi.
Nawaonyesha mawe ya mviringo, makubwa kuliko nyumba,
mwani wa kahawia uliolala ufukweni kama mipira ya maji iliyokatwa,
minandi juu ya mwamba wameanika mbawa,
miavuli iliyovunjwa na upepo.
Wawili wanavua viatu, wanatia miguu, wanapiga kelele:
maji haya yametoka kwenye barafu na hayajasahau.
Nyangumi akatoa mgongo mara moja,
akatuona hatuna jipya,
akarudi kwenye shughuli zake.

Katriena anauza samaki wakavu, mafungu ya kamba.
Tulikaa dawati moja, mimi na yeye.
Ananinong'oneza: Leo umewaletea nini?
Ukungu.
Basi wauzie.

Saa nane na dakika kumi Gawie anapiga honi mara mbili.
Kuna kivuli chini ya basi.
Kivuli! Narukia ngazi, nahesabu vichwa mbiombio,
na tukishika njia, kobe anakatiza.
Wote kumi na tisa tunamsukuma kwa macho.
Kobe hasukumwi kwa macho.

Halafu shamba.
Sikusikia sauti, lakini naapa ilikuwepo.
Rangi ya chungwa mpaka unaposhindwa,
kisha nyeupe, kisha ukanda wa maji ya rasi,
halafu chungwa tena ng'ambo, kama mtu aliyekumbuka jambo.
Hakuna aliyeuliza choo.

Nikasema yaliyoandikwa: maua haya hupenda udongo
uliolimwa kisha ukaachwa.
Jembe likikata tamaa, yenyewe huingia.
Sikusema jembe lilikuwa la nani.
Sikusema kwamba ngano iligoma miaka miwili,
kwamba baba alipewa barua na gunia la viazi,
na bomba lile lililosimama peke yake katikati ya chungwa,
lisilo na nyumba, lisilo na ndoo,
nilikuwa nalifungua kwa mikono miwili kila alfajiri.
Mama mmoja alilipiga picha. Zuri sana, akasema.
Nikasema ndiyo.

Bwana Lategan alikuwa amesinzia, mdomo wazi,
shavu limebandikwa kwenye kioo.
Nikainyosha mkono nimguse. Mkewe akanizuia:
Mwache, mwanangu. Nami nipate saa moja.
Akashuka, akatembea mbali, kofia mkononi.

Saa kumi yalianza kukunjana, moja moja, bila kuaga.
Njiani yule bwana akagutuka: Tumefika?
Tashwin akageuka kitini.
Yameshalala, akasema.
Lakini uliposinzia yalikuwa yanakutazama wewe.
Yote.

Mzee akapangusa kioo kwa kiwiko, akachungulia nje.
Gawie alikuwa amewasha taa.