Yadi Sita

Miaka kumi na mmoja nimepinda ncha za sari
barazani kwa Hansaben, Makoroboi,
nikizijua kwa vidole tu,
kama kipofu ajuavyo uso.

Leo kanisimamisha.
"Nkwimba, vuta pumzi."
Akazungusha, akakunja marinda,
tano, sita, saba,
akachomeka chini ya kitovu,
pini mdomoni, akinikemea
kwa Kigujarati na Kisukuma kibovu.

Mimi,
ambaye katika picha zote za harusi ni kiwiko,
ni nusu ya kilemba nyuma ya bega la mtu,
leo ni manjano ya bizari kutoka shingoni hadi sakafuni.

Mgongo wazi, upana wa kiganja.
Upepo wa ziwa ukauona wa kwanza.
Nikaomba khanga.
"Khanga ya nini? Sari ina ushungi wake."

Kumbe ina.
Nikauvuta hadi kwenye nyusi,
nikashuka ngazi kumi na nne, nikizihesabu.

Muuza sato akanyamaza, kisu hewani.
Nikangoja kicheko.

"Dada," akasema, "unaburuza. Hapa pana maji ya samaki."

Nikainua pindo
kama mtu avukaye kijito.
Nikavuka.